Luyobwe ya Dada Moono

Jumatano, 2 Oktoba 2024

Joto la Oktoba. Saa tatu asubuhi mabati yalikuwa yameshaanza kulia.

Muuguzi wa kliniki alikuja kumwona dada Moono. Alipomaliza alinivuta hadi nyuma ya jiko. Moyo umechoka, alisema. Miguu imejaa maji. Tusimtese kwa safari ya hospitali, siku zake ni chache — wiki mbili labda. Apewe anachotaka.

Apewe anachotaka! Kama ingekuwa rahisi hivyo. Dada anataka kitu kimoja, na hapa Lusitu sijapata mtu anayejua ni nini. Leo ni siku ya tano. Anaamka, anameza maji vijiko viwili, anasema: "Nipeni luyobwe yangu." Halafu anangoja, kiganja wazi juu ya shuka. Baada ya muda anakifunga.

Malita, bintiye anayemuuguza, anasema mama ameanza kupotea. Sikubali. Aliyepotea hajui kwamba leo ni Jumatano. Aliyepotea hamcheki mdogo wake kwa kuvaa shati ndani nje.

Nimemuuliza waziwazi. Dada, luyobwe ni nini? Alinitazama kama nimemuuliza maji ni nini.

"Kabbuku," alisema — bado ananiita Kijitabu, jina la utotoni, mimi mzee wa miaka sabini na minane — "mtu haulizwi kitu chake ni nini. Anapewa."

Ijumaa, 4 Oktoba

Nimefungua madaftari yangu ya maneno. Sita. Zaidi ya miaka arobaini ya kuokota maneno ya kwetu mtoni kabla hayajazikwa na wenyewe. Nilianza nikiwa bado nafundisha. Tulipohamishwa mwaka 1958, maji ya bwawa yalifunika mashamba, makaburi, vichochoro, na baadaye nikaona kwamba kila kilichofunikwa kilikuwa na jina lake, na majina hayo yalikuwa yamebaki yakielea vinywani bila pa kutua.

Luyobwe ipo. Daftari la pili, mwandiko wangu wa 1985: "Luyobwe — baridi ya alfajiri kando ya mto. Nadra. Mtoa habari: mzee Syakalonga, mvushaji wa mtumbwi." Basi. Mstari mmoja. Sikumuuliza zaidi. Pengine chai ilikuwa imeletwa.

Baridi ya alfajiri, Oktoba, bondeni hapa! Tulifanya tulichoweza. Malita alitumbukiza kitenge kwenye mtungi, asubuhi na mapema tukakiweka kifuani pa dada, mimi nikawa nampepea kwa ungo. Alifumba macho. Uso ukalegea. Nilidhani tumepata.

"Baridi nzuri, asanteni," alisema. "Na luyobwe yangu?"

Jumapili, 6 Oktoba

Katekista Mudenda alipita baada ya ibada. Yeye hana shaka kabisa. Luyobwe imetoka kwenye mayoba, mawingu: ni lile wingu jembamba linalojitokeza kabla ya mvua za kwanza. Ndiyo maana alipokuwa akitafsiri nyimbo za kanisa alilitumia kwa tumaini. Wanaliimba miaka ishirini sasa.

Nilimuuliza alilipata wapi. Kwa mama yake. Mama yake alisemaje hasa, kwa maneno yake? Mudenda alikuna kidevu. Mama alikuwa akichungulia nje kungali kweusi, akisema luyobwe inaondoka, halafu anatoka mbio. Kwa hiyo ni wingu, Mwalimu.

Sikumbishia. Lile lu- la mwanzo, katika lugha yetu, hupenda vitu virefu: ulimi, mkono. Wingu jembamba linaingia humo. Na vingine vingi vinaingia.

Basi, Mudenda akasema, anachoomba dada yako ni tumaini, yaani komunyo. Alikuwa nayo kwenye kikopo chake. Dada aliipokea kwa heshima zote, akasema amina, akafuta midomo. Kisha akamshika Mudenda mkono asiondoke.

"Hii ni ya wote, mwanangu. Mimi naomba yangu."

Jumatatu, 7 Oktoba

Malita amekumbuka kitu, akiwa anasugua sufuria. Utotoni mwake mama yao alikuwa akisema "mwachieni luyobwe", na maana yake ni ule ugali unaobakizwa chunguni kwa ajili ya mtu ambaye hajafika. Baba akichelewa. Kaka akichelewa.

Sikuwa najua. Nyumba ya dada yangu mwenyewe, na madaftari sita hayana! Nililalamika. Malita alinijibu bila kuinua kichwa: nilikuwa nakuja na kalamu, na watu wakiona kalamu wanaongea kama wako barazani.

Tukapika ugali kidogo na dagaa wa ziwani, tukaubakiza, tukampelekea na chungu chenyewe. Alicheka mpaka akakohoa. Akala tonge moja — la kwanza tangu Alhamisi — kwa kutufurahisha tu.

"Hii ni ya Malita," alisema. "Yangu iko nje."

Nje. Nimelipigia mstari.

Mchana akaja rafiki yangu Haatembo, aliyekuwa mpuliza pembe kwenye misiba yetu kabla meno hayajamwisha. Kwa wapuliza pembe, alisema, luyobwe ni pale unapokata pumzi ili pembe ya mwenzako iingie. Kila pembe ina sauti moja tu. Bila kuachiana nafasi hakuna wimbo. Alitoa kipembe cha swala mfukoni akamwonyesha dada, kwa ufizi mtupu, sauti kama mbuzi mwenye mafua. Kidole cha dada kilipiga shuka, kikangoja, kikapiga tena, mahali penyewe hasa.

Kisha Haatembo akanitoa nje, akanipa ukweli wangu. Nimewauliza wanaume tu. Wapuliza pembe walilipata neno hilo kwa wanawake waliokuwa wakiimba mashambani. Niwaulize wao. Nikamwambia hawapo. Waliokuwa wake za watu tulipohama, ukimtoa dada, wote tumewazika. Waliobaki walikuwa watoto wa kupakatwa kwenye lori.

"Umemsahau mmoja," alisema, akachukua fimbo yake.

Sikumsahau.

Jumanne, 8 Oktoba

Jina lake halitajwi katika nyumba hii, kwa hiyo naliandika hapa. Bina Chuuma, yaani mama yake Chuuma. Mke mkubwa wa marehemu Syanzila. Mke mwenza wa dada yangu. Anaishi Chipepo, kando ya ziwa, kwa watu wake. Miaka karibu tisini. Aliondoka hapa 1961 na hakurudi hata kumzika mume.

Kinachojulikana na wote ni hiki. Msimu wa mwisho kule mtoni dada alikuwa ndiyo kwanza amejifungua mtoto wake wa kwanza, Lweendo. Alimkabidhi Bina Chuuma mbegu zake za mahindi ampandie. Bina Chuuma akazila. Tukaletwa huku kwa malori. Njaa. Yale maradhi yaliyofagia wanawake na watoto. Lweendo akafa akiwa na miezi mitano. Tulimzika bila ngoma, kwa sababu ardhi ilikuwa ya wengine na hawakutaka ngoma zetu. Dada akapeleka barua kwa baraza la chifu. Bina Chuuma hakujitetea hata kwa neno moja. Akaonekana mwizi wa mbegu ya mzazi. Akafunga mzigo.

Barua hiyo niliiandika mimi. Nilikuwa na miaka kumi na mitano, wa kwanza darasani.

Jumatano, 9 Oktoba

Simu imezima, umeme hakuna tangu juzi. Redio ya jirani inasema ziwa limeshuka mno, mitambo haina maji ya kuizungusha. Bwawa lenyewe lililotuhamisha! Nimeipeleka simu dukani ichajiwe kwa sola.

Dada ameomba leo pia. Sauti ndogo kuliko ya jana.

Alhamisi, 10 Oktoba

Nimepiga.

Namba nilipewa na mwanawe Haatembo, anayefuata dagaa huko. Aliyepokea ni Esinati, mke wa mjukuu wa Bina Chuuma. Sauti changamfu, kuku wakilia nyuma. Nikasema mimi ni mwalimu mzee wa Lusitu, namtafuta bibi. Jina sikutaja. Woga.

"Bibi hayupo, Babu," alisema. "Yuko luyobwe."

Nilikaa kwenye gunia la chumvi hapo dukani.

Nikamwomba anieleze. Alicheka kidogo, akidhani namtania. Si pale maji yanaporudi nyuma, Babu? Ziwa likishuka, asubuhi unakuta limeacha kipande chembamba cha udongo mbichi, kirefu hivi, upana hatua mbili tatu. Kilichoachwa usiku wa leo. Hicho ndicho luyobwe. Kinapandwa asubuhi ileile, jua likikiwahi kinakuwa tofali. Kesho kinakuja kingine. Mwaka huu maji yamekimbia mno, kwa hiyo bibi naye anakimbia mno, na fimbo yake, na mtungi kiunoni. Wamemkataza. Hasikii.

Alisema yote hayo kama mtu anayekueleza mtu fulani yuko sokoni. Neno nililoliandika "nadra"! Kwao linaamka kila siku na jembe.

Jioni. Naandika tena, siwezi kutulia.

Yote yanaingia. Baridi ya alfajiri ya mzee Syakalonga: yeye alikuwa mtumbwini, akiwaona wanawake wameinama ukingoni saa hiyo, akabaki na baridi tu. Mama yake Mudenda aliyetoka mbio: hakuwa akitazama wingu, alikuwa akiona kumepambazuka na udongo wake unakauka. Ugali wa asiyefika: kipande kilichoachwa, kinamngoja mwenyewe. Pumzi ya Haatembo: nafasi kati ya mstari na mstari wa mbegu. Tulipopandishwa malori, shamba lilibaki chini ya maji na jina likaja nasi, na kila mtu akamega upande aliowahi kuugusa.

Na mimi? Nilikuwa mvulana wa mbuzi, milimani. Nilishuka ukingoni mara moja, mama akanichapa kwa ufito miguuni. Nyayo za wavulana zinaua mbegu, alisema. Kwa hiyo sikukanyaga, na sikujua, na baadaye sikuuliza.

Ijumaa, 11 Oktoba

Nilimwambia asubuhi, kabla hajaomba. Dada, nimeijua luyobwe. Ni kipande kinachoachwa na maji.

"Umeijua leo?" Alicheka kimyakimya, mabega tu. "Vitabu vyote vile."

Kisha machozi. Nilimfuta. Akaanza kueleza, kwa vipande, akipumzika katikati.

Mzazi hashuki mtoni mpaka kitovu cha mtoto kidondoke. Siku hizo mwenzake anampandia. Lakini kwa mbegu zake mwenyewe mzazi, ili shamba lisije likamsahau. Mashamba yao wawili yalipakana. Askari walikuwa wameshaanza kuzunguka vijijini, watu wameambiwa wafungashe, na wanawake walikuwa bado wanapanda. Kwa nini? Maji yalikuwa yanarudi nyuma. Udongo ulikuwa mbichi. Ungefanyaje? Asubuhi hiyo alimpa Bina Chuuma mbegu zake kwenye kibuyu, akamwona akishuka nazo. Jua halijapanda, malori yakafika. Watu wakakusanywa kama kuku. Hakupata kumuuliza. Halafu mtoto akaugua. Halafu hawakuwa watu wa kuulizana.

"Nataka kujua kama aliipanda," alisema. "Kama ilipandwa, basi ipo. Chini ya maji lakini ipo. Lweendo ana shamba."

Nikasema, kwa upole, lakini dada, wewe ulishtaki kwamba alizila.

"Mimi? Mimi nilisema sijui. Nilisema aulizwe."

Nilitoka nje. Nimekaa kwenye kivuli cha ghala mpaka Malita akaja kunitafuta.

Jumamosi, 12 Oktoba

Nakumbuka hata meza. Meza ya shule ya misheni, yenye doa la wino. Dada alikaa sakafuni, akasema: sijui kama alizipanda, naomba baraza limuulize. Nami niliona hiyo si barua. Mwalimu wetu alitufundisha kwamba barua ya mashtaka lazima iwe na uzito. Kwa hiyo nikaandika: "Alizila zote, na mwanangu akafa kwa njaa." Nilifurahi jinsi sentensi ilivyokaa. Dada hakujua kusoma. Alitia kidole gumba.

Miaka sitini na mitatu najisifu kwa usahihi. Nasahihisha magazeti kwa penseli.

Leo nimemwambia Malita. Ilibidi, kwa sababu nataka yule mama aje, na Malita alikuwa amesema huyo mwanamke hataingia humu akiwa hai yeye. Amelelewa kwenye kisa hicho. Amekataa hata kuwaoza wanawe kwa watu wa upande ule.

Alikuwa anachekecha unga. Hakuacha kuchekecha. Alimaliza ungo mzima, akaukung'uta, akauweka chini.

"Mjomba. Mimi nimemchukia mtu toka nizaliwe, kwa sababu ya insha yako?"

Nikasema ndiyo.

Hakuniletea chakula mchana. Jioni alileta, uji wa ukwaju, akaweka kando yangu. Ulikuwa na sukari. Sijui nilielewe vipi.

Jumapili, 13 Oktoba

Nimepiga tena. Safari hii alikuwepo. Esinati alimwekea bibi simu kwenye sikio lililo zima, lile lingine halisikii, akawa ananirudia maneno yangu kwa kelele ili yaingie vizuri, kwa hiyo kila nilichoungama leo kilitangazwa uwanjani Chipepo.

"Mimi ni Kabbuku," nilisema. "Mdogo wake Moono."

Kuku. Upepo. Kisha sauti kavu: "Yule wa barua."

Nikamwambia. Neno "alizila" lilikuwa langu. Dada alisema hajui. Nilisikia Esinati akianza kulirudia hilo, akasita katikati, akalimalizia kwa sauti ya chini.

"Mwandiko ulikuwa mzuri," alisema Bina Chuuma. "Karani aliusifu kabla hajausoma."

Akauliza kama Moono bado anaongea. Nikasema anaongea, na kila asubuhi anaomba luyobwe yake. Halafu Esinati akawa ndiye aliyeshika simu: Bibi ameinuka, Babu, ameingia ndani, anapekua mitungi. Anasema mmwambie asiende popote.

Jumanne, 15 Oktoba

Watakuja na gari la dagaa, Ijumaa. Hakuna la mapema zaidi. Ni mbali, wapande mlima hadi barabara kuu halafu washuke tena bondeni.

Malita amepaka sakafu udongo upya. Nilipomtazama alisema ilikuwa imepasuka, hata hivyo ilikuwa ipakwe.

Tumwambie dada? Tumebishana. Malita: asiposubiri kitu atatutoka. Mimi: akisubiri na gari lisifike? Malita alishinda. Alimwambia sikioni, akiwa anamgeuza upande. Dada akaomba achanwe nywele.

Jumatano, 16 Oktoba

Leo hakuomba.

Aliamka, maji kijiko kimoja. Nikangoja. Nikaweka hata mkono wangu juu ya shuka, kumkumbusha. Aliutazama mkono wangu, akalala tena.

Siku kumi na nane nimelichoka neno hilo. Leo ningetoa madaftari yote sita nilisikie mara moja.

Alhamisi, 17 Oktoba

Anapumua kwa kupumzika. Muuguzi amekuja, ameshika mkono, amekaa kidogo kuliko kawaida. Malita anamlowesha midomo kwa pamba.

Kesho ni mbali.

Ijumaa, 18 Oktoba

Gari lilifika saa nane na nusu mchana. Naandika hapa kwenye kigoda, nje ya mlango wa dada.

Nilitegemea mwanamke mkubwa. Kumbukumbu yangu ilikuwa ya mvulana. Aliyeteremshwa kutoka kati ya magunia ya dagaa ni mdogo kama mtoto wa darasa la nne, mweusi kwa jua, kitambaa kichwani, viatu vya mpira vya mtu mwingine. Ananuka ziwa. Esinati alikuwa amemshika kwapa. Nilipiga magoti nikapiga makofi kama inavyopasa. Alinitazama juu chini.

"Umezeeka vibaya," alisema. "Nilidhani wasomi wanadumu."

Malita alisimama mlangoni. Niliogopa. Yule mama akasimama pia, hatua tano kabla ya kizingiti, hakusogea zaidi. Haingii, alisema, mpaka mwenye nyumba ajue amekuja kwa jambo gani. Na jambo lenyewe akalisema pale pale uani, juani, kwa Malita, si kwangu. Naliandika kama alivyolisema, bila kuongeza uzito.

Hakuzipanda. Mtu akimpandia mzazi, sheria ni moja: kipande cha mzazi kwanza, chako baadaye. Asubuhi ile yeye alianza na chake. Alisikia watu wanasema malori yako karibu, akaona kipande chake kinakauka, akasema moyoni, mistari miwili tu kisha cha Moono. Alipoinua mgongo askari walikuwa ukingoni. Chake kilikuwa kimeingia ardhini. Mbegu za Moono zilikuwa kibuyuni, kiunoni pake, zima. Alipanda nazo lori. Huku, mtoto alipoanza kuugua, alishindwa kuzitoa. Angesema nini? Barua iliposomwa ilisema amezila. Hakuzila. Lakini alijua alichofanya, na hicho baraza halikuuliza. Akaona adhabu imefika, ingawa kwa anwani nyingine.

"Nikazipanda kule ziwani," alisema. "Kila mwaka, kipande kimoja, mbali na changu. Miaka ya njaa nilikula. Sitakudanganya, mwanangu, nilikula. Lakini sikumaliza."

Akafungua pindo la nguo yake. Mahindi mafupi, punje ndogo, nyekundu iliyokoza karibu na nyeusi. Mahindi ya kwetu mtoni. Huku sijayaona tangu utoto. Sote tunapanda mbegu za dukani, nyeupe. Nilizijua kabla sijajua kwamba nazijua. Nilisikia harufu ya ghala la mama.

Malita alinyoosha viganja viwili, kama mtu anayepokea kitu cha heshima, na yule mama akammiminia. Esinati alikuwa analia waziwazi kwa niaba yetu sote.

Malita akaingia nazo. Mimi nilibaki hapa mlangoni. Kutoka hapa naona mkeka na nusu ya uso wa dada. Macho yalikuwa yamefungwa. Malita alimfungua kiganja, akaweka punje, akakifunga, akashikilia ngumi hiyo kwa mikono yake miwili. Kwa muda hakikutokea kitu. Kuku akapita. Nikaanza kuhesabu pumzi.

Halafu kidole gumba kikaanza kutembea.

Kilizigusa zote, moja moja. Akachukua punje moja akaitia mdomoni, upande wenye jino, akaibana kama wanavyofanya wanawake wanapopima mbegu kama iko hai. Akaitoa. Akaitazama. Naapa aliitazama.

"Nani amezileta," alisema. Si swali hasa. Sauti kama karatasi, lakini niliisikia mpaka hapa.

Malita akasema jina. Katika nyumba hii, kwa sauti.

Bina Chuuma bado yuko pale pale hatua tano, fimbo mkononi, jua kichwani, sikio zima ameligeuzia mlango. Sijui amesikia nini. Nilitaka kumwelezea nikaona nimeshaelezea vya kutosha katika maisha yangu.

"Umechelewa," dada amesema, kwa mlango. "Udongo umekauka."

"Najua," amejibu yule mama. "Nilianza na changu."

Esinati ananiangalia kama mimi ndiye mwenye majibu.

Dada anajaribu kufanya kitu na Malita haelewi, anamuuliza, Mama, maji? Nikugeuze? Dada anajivuta. Anajisukuma kwa kiwiko kuelekea ukutani, anapumzika, anajisukuma tena. Malita ameelewa, anamsaidia kwa shuka. Mkeka umebaki wazi upande wa huku, kipande chembamba, upana wa mtu mmoja mdogo.

Bina Chuuma amefika kizingitini. Anavua viatu. Kimoja kimetoka. Kingine kimegoma, mguu umevimba kwa safari, na Malita amepiga magoti mbele yake, anakivuta taratibu.